Gari Lako Sasa Linawaka Bila Kusukumwa

Baba Ayuma,

Barua zako zote za kutoka Lugari, enzi zile ukiendesha trekta ya Mzungu, zilianza kwa kuniuliza kama niko mzima. Basi leo naanza kwa kukujibu. Mzima niko, ila nyumba imekuwa kubwa. Vyumba ni vilevile viwili, hakuna aliyeongeza ukuta, lakini nikiita kitu sauti inanirudia mwenyewe. Ayuma amerudi shule ya bweni. Jioni bado nasonga ugali wa watu wawili, halafu nakaa nautazama. Kuku wa jirani wamenenepa kwa ajili yako.

Nakuandikia habari za gari. Najua ndizo ungeziuliza kwanza, hata kabla yangu, na sitanuna.

Siku tuliyokuzika Khwisero, watu hawajamaliza hata kunawa mikono, ndugu yako Makokha aliniita kando. Unamjua, hana moyo mbaya, ana haraka tu. Akasema, "Shemeji, ile gari haitembeangi bila watu. Sasa wewe ni mtu mmoja. Siku ya kunyoa nywele za matanga na kugawa vitu vyake tutaichukua, na wewe urudi nyumbani, tutakujengea hapa nyuma ya kwangu." Siku yenyewe ikawekwa baada ya mavuno. Nilitikisa kichwa kama mtu anayekubali, kumbe nilikuwa sijasikia. Nilisikia baadaye, nikiwa nimerudi kwetu Amalemba, nimekaa kitandani na viatu mguuni.

Fikiria mwenyewe. Gari likienda, mikate ya bekari uliyokuwa ukisambaza nani ataipeleka kwenye maduka ya njia ya Malava? Na mikate isipokwenda, kodi ya nyumba inatoka wapi? Ningefunga mizigo niende nikae nyuma ya nyumba ya Makokha, niamke kwa sauti ya mke wake, nife mzee huko nikiitwa mjane wa fulani. Bekari walikuwa waungwana, walisema watanisubiri mpaka mavuno. Lakini gari lenyewe lilikuwa limesimama pale uwanjani kama ulivyoliacha, na mimi sikuwa na njia ya kuliwasha.

Hilo nalo ni lako. Miaka yote hiyo nakuambia tununue stata nyingine ya kuliwasha, wewe unasema kesho. Ule mkono wa kuzungushia mbele ulipotea hukohuko Lugari kabla Mzungu hajakuuzia, kwa hiyo ilibaki kusukuma tu. Na ulipenda kusukuma! Usikatae. Ulikuwa ukisema miguu ya jirani ni stata tosha. Kila asubuhi mimi kwenye usukani, gia ya pili, mguu kwenye klachi, wewe na Andati na wale vijana wa nyumba ya kona nyuma, mnapiga kelele kama watu wanaovuta fahali. Likishika kasi naachia klachi, linakohoa, linawaka. Nalishikilia pale barabarani lisizime mpaka ufike unahema, nikupe kiti. Halafu mimi narudi nyumbani kwa miguu na hao wasukumaji, tunacheka jinsi ulivyokimbia. Hiyo ndiyo elimu yote ya udereva niliyokuwa nayo, Baba Ayuma. Kuwasha na kukupa kiti.

Wiki ya kwanza nilimwendea Andati nikamwomba anisaidie kusukuma. Alinitazama kwa huruma sana. Akasema, "Mama Ayuma, pole. Lakini kitu ya marehemu hatuwezi guza mpaka watu wanyolewe. Unajua mwenyewe." Najua. Hata mimi ningekuwa yeye nisingegusa. Mke wake alikuwa akiniletea uji, anauweka kwenye kizingiti na kurudi nyuma, kwa sababu nami nilikuwa bado na kifo mwilini. Sikuwachukia. Ila nilikaa wiki nyingi bila mtu kunishika mkono, na hakuna aliyewahi kunieleza kwamba mkono nao unaona njaa.

Ndipo nikamkumbuka Fundi Athumani, yule wa Mumias anayetengeneza magari nyuma ya soko, uliyekuwa ukibishana naye kila Jumamosi. Desturi zetu si zake. Nilipomwambia umefariki alikaa chini, akasema maneno yao ya Kiarabu, kisha akaniuliza, "Kwenu hamkai eda?" Nikamwambia kwetu tuna namna yetu ya kukaa, na kwamba nataka stata. Alicheka kidogo akafuta macho. Akasema alikuwa amekuwekea moja kuukuu tangu mwaka jana, ukawa hufiki kuichukua. Ulikuwa ukipita pale kila wiki, wewe mtu!

Alikuja nyumbani na mfuko wa spana, akakagua ile ya kwetu kwa juu, akasema hii imekwisha. Lakini mgongo wake haulali tena chini, na ile bolti ya chini haifikiwi ila kwa kulala chini. Kijana wake alikataa kugusa gari la marehemu, yeye ni wa kwetu. Basi tukatazamana. Nikaenda nikavaa ile suruali yako ya kahawia, nikafunga kilemba, nikaingia chini ya gari. Majirani walitoka wakasimama kwenye milango yao.

Nataka ujue nilivyofanya, maana ungekuwepo ungenichokoza mpaka Krismasi. Fundi aliniambia kwanza kabisa nitoe waya wa betri. Nilimsikia. Halafu nilikuwa na haraka ya kuonekana najua, nikaenda moja kwa moja kwenye nati ya ule waya mnene wa stata. Spana ikagusa bodi. Cheche ilitoka kubwa, nyeupe, na harufu ya kuungua, na mimi nikapiga kelele. Niliita jina lako. Si Baba Ayuma, jina lako lenyewe, lile ambalo sijalitamka mbele za watu tangu tuoane. Fundi alikimbia akatoa waya wa betri mwenyewe, kisha akasimama amenipa mgongo mpaka nilipomaliza kulia. Msibani nilikuwa nimelia kama wanavyolia watu. Siku ile nililia kwa ajili yangu.

Baada ya hapo kazi ilikwenda. Bolti ya juu niliifungua nimesimama, kwa kupapasa, kwa sababu haionekani, unaijua kwa vidole tu. Ya chini ilikuwa imeshika kutu, nikaimwagia mafuta ya taa, tukanywa chai, nikairudia. Ilipolegea nikasahau kwamba hakuna kingine kinachoishikilia stata ile. Ilinishukia kifuani. Ni chuma kizito, Baba Ayuma, kizito kama mtoto anayeanza kukaa. Fundi akauliza kama nimeumia. Nikamwambia hapana, nipe nafasi kidogo. Ukweli ni kwamba nilikuwa nimeikumbatia. Nilikaa pale chini na grisi yako ya zamani ikiniingia kwenye blauzi, nikautazama uchafu wa tumbo la gari, na sikutaka kutoka. Ilikuwa imepita muda mrefu tangu kitu chochote kinilalie.

Fundi aliziweka stata hizo mbili pamoja juu ya gunia, akalinganisha meno yao, akaridhika. Akanifundisha kusafisha pale inapokaa, kwa tambara na msasa, maana umeme haupiti kwenye uchafu. Kufunga ile ya Fundi ni kazi kubwa kuliko kuitoa ya kwetu. Unainua kwa mkono mmoja, unatafuta tundu kwa mwingine, na bolti unaianza kwa vidole, kamwe si kwa spana, ili isipande upande. Jasho liliniingia machoni. Mara mbili iliteleza. Mara ya tatu ikakaa, nikasikia chuma kimepata chuma. Nikakaza ya chini, nikatoka nikakaza ya juu, nikafunga waya mnene, na waya wa betri nikauacha uwe wa mwisho. Hapo nilikumbuka.

Kisha nikaingia kwenye usukani. Nikaweka gia huru, kwa sababu Fundi alinionya nikiwa na gia litaruka liende na ukuta wa Andati. Nikavuta kile kifundo cha stata kilichokuwa pambo tu miaka yote. Likazunguka. Likazunguka tena, likawaka.

Nilitazama kioo cha nyuma. Hivyo ndivyo nilivyozoea, likiwaka natazama kioo nikuone umeachia, umeinama umeshika magoti unacheka. Niliona uwanja. Kuku mmoja, na kamba ya nguo. Fundi alikuwa akipiga makofi pembeni na mimi nilikuwa nikitazama uwanja ule. Hapo ndipo nilipoelewa stata ni kitu cha nani. Ni kitu cha mtu aliye peke yake. Mwenye watu haihitaji, ndiyo maana wewe hukuitaka.

Nilijifunza kuendesha na Fundi kando yangu, ile herufi L ya wanafunzi imefungwa nyuma, na watoto wa Amalemba wakitukimbilia. Gari lilinizimikia njia panda mara nyingi sana. Lakini sasa kuzima si aibu, unavuta tu kifundo. Mkaguzi wa leseni aliniuliza bwana yuko wapi. Nikamwambia yuko Khwisero. Sikumdanganya.

Siku ya kunyoa ikafika. Nilikwenda Khwisero mwenyewe na gari, peke yangu, nimefunga kitambaa cheusi, na njia nzima watu wakisimama kutazama. Makokha alikuwa ameshachagua vijana wenye nguvu wa kwenda Amalemba kulisukuma gari. Walikuwa wamekaa kwenye ukingo wa uwanja wanakula miwa, wakingoja kazi. Nilipoingia niliegesha katikati ya watu, nikazima makusudi, nikaenda kukaa chini pamoja na wanawake.

Tukanyolewa. Mzee wa ukoo akaanza kugawa. Koti lako refu alipewa Makokha, na linamkaa vizuri, hilo lazima niseme. Fimbo yako alipewa mpwa wako. Gari lilipotajwa, Makokha akasimama. "Wazee, mimi nilisema tangu matanga. Hii gari ni ya watu. Hata leo wamemsukuma huko Amalemba ndiyo akafika. Sasa si amezima? Wacha tuone."

Watu wote wakanigeukia. Kichwa changu kilikuwa na baridi kwa kunyolewa. Niliondoka pale chini, na ule umbali wa kufika kwenye gari lako niliuona mrefu kuliko njia ya Malava. Niliogopa. Kifundo kile kingekataa siku ile, ningeshuka na kuingia nyuma ya nyumba ya Makokha jioni hiyohiyo, na mambo yangekwisha. Nikaingia. Nikakumbuka gia. Nikavuta.

Liliwaka mara moja, Baba Ayuma. Vijana wale walisimama na miwa mkononi hawajui wafanye nini. Wanawake wakapiga vigelegele, msibani! Mzee akacheka mpaka akakohoa, akasema, "Makokha, ulisema gari ya watu. Hiyo haitaki watu. Wacha mama akae nayo." Ikaisha hivyo, na wakaendelea kugawa majembe.

Nilipokuwa naondoka Makokha alikuja dirishani, amevaa koti lako. Nilidhani atanitukana. Akashika mlango akasema kwa upole, "Shemeji, basi hata sisi hutuhitaji tena?" Nikamwambia nitaleta mkate wa watoto kila mwisho wa mwezi, na nitaleta. Lakini hilo halikuwa ndilo alilouliza.

Sasa nikuambie asubuhi ya jana, ndipo nimalize. Jana ilikuwa ndiyo siku yangu ya kwanza na mikate. Kwa kuwa tumeshanyolewa, watu wako huru kugusa vitu vyako tena. Nilikaa kwenye usukani, nikavuta, gari likawaka. Nilipoinua macho niliona Andati ametoka mlangoni kwake, mikono ya shati imekunjwa. Vijana wa nyumba ya kona nao walikuwa wametoka, mmoja bado anatafuna. Walikuwa wamekuja kunisukuma. Walisikia injini, wakasimama. Andati aliinua mkono kunipungia, akakunjua mikono ya shati, wakarudi ndani kila mtu kwake kunywa chai.

Nilikaribia kuzima. Mkono ulikuwa tayari kwenye ufunguo wa kuzimia. Ningewaita, ningewaambia limekataa, wangefurahi, na mimi ningesikia zile kelele. Lakini mikate ilikuwa ya moto na maduka ya Malava hayangoji. Nikatia gia nikaondoka.

Sasa pumzika, Baba Ayuma. Maua ya kaburini niliyapanda yale mekundu uliyoyapenda, na mvua ya huku haijatunyima. Nitakuwa nakupitia kila nikileta mkate kwa Makokha, nitaegesha karibu ili uisikie injini. Jambo moja nakuahidi kwa moyo wote, gari lako litawaka kila asubuhi, na nitaliendesha mwenyewe mpaka Ayuma amalize shule. Kulizoea hilo la kuwaka bila watu, siwezi kukuahidi.

Ni mimi,
Mama Ayuma