Walinivika Sanda, Wakanipiga Picha

Pasay, Manila
Tarehe 9 Februari

Kwako Ina, mama yangu mpendwa,

Nakusalimu kwa heshima na mapenzi mengi, nikitumaini kwamba baridi ya huko Besao haijakuzidi nguvu, na kwamba magoti yako yamekubali kupanda ngazi za mashamba bila kugombana nawe. Mimi ni mzima wa afya. Nakula, nalala, wala sijakonda kama shangazi alivyokuja kukuambia; shangazi humwona kila mtu amekonda. Nisalimie maharage yako pia, maana najua ukiwa mbali nayo unayawaza kuliko unavyotuwaza sisi watoto.

Kaka Damaso alinifikishia maneno yako yote, na sidhani kama alipunguza hata moja. Kwamba ile picha ulioneshwa kwenye simu ya dereva wa basi, ukaitazama mara moja tu ukaketi chini. Kwamba hutaki kusikia sauti yangu mpaka picha ishushwe. Na kwamba nisithubutu kupanda ndege tena mpaka nifike nyumbani, nguruwe achinjwe na niombewe, kwa sababu aliye hai akivikwa nguo ya maiti, wafu humhesabu kuwa ni wao. Ndiyo maana naandika badala ya kupiga simu. Barua haina sauti, kwa hiyo bado sijakuasi.

Jambo la kwanza nataka ulijue ili upate usingizi: sijapanda. Nilimwambia daktari wa kampuni kwamba mafua yameniziba masikio, na mhudumu wa ndege aliyezibwa masikio haruhusiwi kuruka hata akitaka. Daktari alichungulia huku na huku, akaniangalia usoni, akasema masikioni haoni kitu ila anaona mtu aliyechoka. Akaniandikia mapumziko. Mungu amzidishie.

Sasa nikueleze ilivyokuwa, maana huko wanasema nililazimishwa. Sikulazimishwa. Unajua kampuni yetu kwa miaka mingi ilipenda wasichana wa sampuli moja tu, weupe, warefu, wa kutoka miji ya huku tambarare. Mimi nilipoingia nilikuwa mweusi kuliko wote darasani, na mmoja akazunguka nyuma yangu akaniita kwa jina langu la kazini, "We Jovelyn, nyie Waigoroti si mna mikia? Wako umeuficha wapi, au mnaikata mkishuka mlimani?" Nikamjibu kwamba nimeukunja ndani ya sketi, asubiri ndege itikisike atauona. Wakacheka, nami nikacheka. Ndivyo tunavyoishi huku, Ina. Sikukuambia kwa sababu ungeshuka na panga lako la kukatia nyasi.

Mwaka huu wakubwa wakaamua kubadilika. Wakatangaza Wiki ya Sote Tumo, wakawatafuta wale wasiofanana na wengine: rubani wa kike, binti Mwislamu wa Marawi ambaye sasa ameruhusiwa kuvaa hijabu kazini, fundi mmoja kiziwi, na mimi. Nilifurahi, sitakudanganya. Kwa mara ya kwanza niliitwa mbele kwa sababu ile ile iliyokuwa ikinikalisha nyuma.

Kazi ya picha alipewa msichana wa ofisi ya matangazo anayeitwa Trixie. Ni mtoto mwema, usimlaani. Alipanda mwenyewe hadi Baguio, akaingia duka la vitu vya kale, akaomba nguo nzuri kuliko zote za watu wa kwetu. Muuzaji akamtolea ile nyeupe yenye mistari myeusi na vijitu vilivyofumwa kandokando, akamwambia ni ya sherehe. Trixie akanitandazia mezani akaniuliza kama ni yetu. Nikaona mkono wa kwetu katika ule ufumaji, nikasema ni yetu. Wewe ulituzoeza nyekundu na nyeusi za walio hai. Hizo nyingine uliziweka mbali na macho ya watoto, na bibi alipozikwa mimi nilikuwa shuleni Baguio. Basi akanifunika mabegani, mpiga picha akaniambia nitabasamu kama mtu anayeiona nyumba yao kwa mbali. Nikatabasamu kweli.

Picha ikapandishwa uwanja wa ndege, kubwa kuliko mlango wa kanisa letu, juu ya njia wanayopita abiria wote. Watu waliniomba nisimame chini yake wapige nami picha nyingine. Kisha ndipo kaka akapiga simu.

Nilimwendea Trixie siku hiyo hiyo nikamweleza amenivika nini. Alilia mpaka nikawa mimi ndiye ninayembembeleza. Tukaenda kwa mkuu wake, Bwana Ledesma, mtu mwenye adabu nyingi na masikio machache. Akasema anaheshimu sana imani yangu. Akasema pia kwamba muuzaji ni mtaalamu na amethibitisha ni nguo ya sherehe, na kwamba ndege mpya inakuja mwezi ujao nayo itachorwa picha hiyo hiyo ubavuni, rangi zimeshaagizwa. "Binti, mtu mmoja si kabila," akaniambia. "Niletee Mwigoroti mwingine humu kazini aseme kama wewe, nitaishusha leo leo." Alijua anachosema. Katika kampuni nzima aliyeandikishwa kuwa Mwigoroti ni mimi peke yangu, na walikuwa wamejisifia hilo kwenye hotuba.

Niliondoka nikipiga hesabu, Ina. Niliwaza nikiacha kazi, picha itaruka bila mimi. Nikibaki, nitaihudumia ndege iliyochorwa mimi nikiwa maiti, na wewe hutanipokea nyumbani. Trixie, kwa woga wake wote, ndiye aliyeniombea nafasi mbele ya kamati ya ile Wiki ya Sote Tumo.

Kwenye kamati, upande wa wahudumu aliketi mkuu wetu, Madamu Corazon Evangelista. Nimewahi kukuandikia habari zake. Ndiye anayetupima kucha, ndiye anayeweza kuona uzi umechomoka kwenye soksi ya mtu aliye mwisho wa ndege. Tangu nianze kazi ndiye aliyenisumbua zaidi kuhusu lafudhi yangu ya milimani. "Ongea kama mtu, usiongee kama unaita mbuzi," alikuwa akiniambia mbele za watu. Nilipomwona pale nilijua nimekwisha.

Nilieleza nilivyoweza. Bwana Ledesma akanishukuru, akageuka akauliza wajumbe kama yupo mwingine anayeijua nguo hiyo. Akakusanya karatasi zake. Hapo Madamu Corazon akasimama. Hakumtazama yeye, alinitazama mimi, akaniuliza kwa Kikankanaey, lugha yetu ya nyumbani, taratibu, kama mtu anayetafuta ufunguo gizani, "Wewe ni mtoto wa nani?"

Nikalitaja jina lako, Ina. Nikalitaja na la bibi. Sauti ilinitoka kama ninaita mbuzi kweli, na safari hii hakunikemea.

Kisha akawageukia wale mabwana akawaambia kwa lugha yao kwamba Mwigoroti mwingine ndiye huyu hapa, mzaliwa wa Bauko, milimani kwetu. Kwamba nguo ile huvishwa mfu akiwa ameketishwa kwenye kiti cha mauti mlangoni pa nyumba yake, watoto wake wakiwa wamemzunguka. Bwana Ledesma akamwambia kwa upole kwamba kumbukumbu za kampuni zinasema yeye ni mtu wa Pampanga, huku tambarare. Akajibu kwamba kumbukumbu hizo aliziandika mwenyewe. Siku anahojiwa kazi alisikia mabwana wakitaniana kuhusu mikia, akacheka nao kwa sauti kuliko wote, na palipoulizwa kwao akaandika Pampanga. Tangu hapo ikawa hivyo.

Mtu mmoja akamuuliza ana hakika gani na nguo. Akasema aliwahi kuinunua. Mama yake alipofariki alikuwa ameshawaambia wote kazini kwamba wazazi wake wamezikwa Pampanga zamani, hivyo hakuwa na mama wa kuombea ruhusa. Alinunua nguo nzuri kuliko zote, akampa dereva wa basi la Bauko aipeleke, na yeye akapanda ndege ya Hongkong, akawagawia watu chai. Aliyasema hayo akiwa amesimama wima kama anavyosimama kuwaonesha abiria milango ya dharura.

Picha ilishushwa mchana huo, Ina. Niliitazama ikikunjwa. Ndege haitachorwa, na Trixie hakufukuzwa. Madamu alilisemea hilo pia kabla hajaketi.

Sasa nifike kwenye jambo lililonifanya niandike barua ndefu hivi, maana habari ya picha ungeipata kwa kaka. Jana alinialika kwake. Ilikuwa nyumba safi isiyo na picha ya mtu hata mmoja. Akatoa kwenye friji nyama ya kukaushwa kwa moshi, ile ile ya kwetu, imefungwa mifuko juu ya mifuko ili majirani wasisikie harufu. Akaipika na kuku, tukala kwa mikono. Aliniambia kwamba tangu picha ipandishwe alikuwa akiingia kazini kwa lango la mizigo, kwa sababu kila alipoinua macho alimwona mama yake amefunikwa na mikono ya watu wengine. Nikamuuliza kwa nini alinisumbua vile kuhusu lafudhi. Akasema kila nilipofungua mdomo aliogopa atanijibu kwa lafudhi ile ile.

Ndugu zake hawampokei. Alijaribu kwenda mara moja, wakamwacha amesimama nje mpaka akarudi barabarani. Kwa hiyo ananituma kwako. Anauliza kama siku utakayonichinjia nguruwe patakuwa na nafasi kwenye moto wako, naye aombewe. Na anauliza, kwa kuwa wewe umewavisha wafu wengi, kuna neno gani mtoto anaweza kumwambia mama yake ambaye hakumvisha. Nilimwambia nitamuuliza Ina.

Tunaondoka na basi la Jumamosi. Nilimhakikishia kwamba wewe huwezi kumfungia mtu mlango, akasema, "Hapana, mama yako aulizwe kwanza." Ukikubali, mwambie kaka anipigie aseme tu mje. Ukikataa, yeye atanisindikiza hadi Baguio tu, ashuke na kurudi, na ameniomba nisikulaumu. Sitakulaumu, Ina, lakini nitalia njia nzima kuanzia hapo.

Akifika usimwite Madamu, wala usimwite Corazon. Kwao anaitwa Takay. Alinitajia jana tukiwa tunaosha vyombo, na alilirudia mara mbili, nadhani si kwa ajili yangu. Mwite hivyo tangu mlangoni, kwa sauti, majirani wasikie.

Msalimie kaka Damaso na mkewe, shangazi na macho yake, na wote wanaoniulizia. Nakubusu mikono, na kwa mapenzi yako yote naomba nisikie neno lako kabla ya Jumamosi.

Ni mimi mwanao akupendaye,
Gawani