Sitaitwa Tausi

Kijiji cha Ujamaa, karibu na Bagamoyo

Baba yangu mpenzi,

Shikamoo. Naomba barua hii ikukute umesimama kwa miguu yako, na goti limetulia sasa mvua zimekatika huko Itetemia, Tabora. Mimi ni mzima, nimekonda kidogo tu kwa kulima shamba la kijiji asubuhi na kufundisha kina mama kusoma jioni.

Barua yako niliipata Jumatatu. Umeniandikia, "Mwanangu, jina ni nguo tu. Livue, upate amani." Nimeisoma mara tatu. Baba, nisamehe, sitalivua.

Barua yangu iliyopita ilikuwa fupi; sasa nikueleze ilivyokuwa. Mwenyekiti wetu alisimama mkutanoni akasema majina ya wakoloni yafutwe kwenye daftari la kijiji. Akanitazama. "Mwalimu, kuanzia leo wewe ni Tausi."

Nikamwambia, "Ndugu Mwenyekiti, Debora si jina la Kiingereza. Ni la Kiebrania, na maana yake ni nyuki. Mkoloni mwenyewe alilikuta tu."

"Mzungu ndiye aliyekuletea."

"Baba yangu ndiye aliyenipa."

Nikawasimulia kama ulivyonisimulia: siku niliyozaliwa ulitoka kurina asali uso umevimba, jicho moja halifunguki. Mchungaji akakuambia kwamba zamani Waebrania walikuwa na mwanamke mwamuzi aliyeitwa hivyo, Nyuki. Nawe ukasema, "Basi ndiye huyu, maana wenzake wameshanipokea porini." Mkutano mzima ukaangua kicheko.

Mwenyekiti hakucheka. Akaninyang'anya darasa mpaka nitakapokubali. Siku tisa nikawa nalima tu. Akiita "Tausi!" shambani, mimi nainua jembe naendelea.

Baba, umemsahau babu? Alitoka Tabora na pembe ya ndovu begani akaja mpaka huku pwani. Mwenye msafara akamwita Juma kwa kuwa waliondoka Ijumaa. Akarudi Juma, akazikwa Juma. Nawe, mwanawe wa kumzaa, hujui mama yake alimwitaje. Naye bila shaka aliambiwa jina ni nguo.

Siku ya kumi Bibi Somoe, mwanafunzi wangu mzee kuliko wote, alikwenda ofisini na wenzake wote wa darasa. Akamwambia Mwenyekiti, "Huyu ametufundisha kuandika majina yetu. La kwake tukusaidie kulifuta? Haya si mambo ya watu wazima."

Darasa nimerudishiwa. Daftarini bado nimeandikwa Tausi, na mimi bado siitiki.

Nisalimie mama mdogo, mwambie asibebe kuni peke yake. Msalimie kaka, fundi wetu wa cherehani pale Kanyenye, na shangazi wa Puge akija mjini. Wote nawapenda.

Ila nakuonya, baba, kwa heshima zote: ukiniandikia bahasha ya Tausi, nitairudisha posta haijafunguliwa, hata kama nakufa kwa hamu ya kujua habari zako.

Ni mimi binti yako uliyempa jina,

Debora