Bibi Mliyemzika Kwenye Albamu

Mjukuu wangu,

Huna haya hata kidogo! Jirani amenisomea gazeti. Mhakiki anasema magitaa ya bendi yenu ni makelele matupu, ila albamu nzima imeokolewa na wimbo mmoja, wenye sauti ya bibi anayeimba akishona kwa cherehani. Eti “bibi huyo sasa ni marehemu.” Nani kamwambia nimekufa kama si wewe? Ulinirekodi nikikushonea suruali, ukadai unajaribu simu. Sauti yangu umeichukua, halafu ukanizika ili watu walie! Mimi nakula, nashona, na meno yangu ninayo.

Jumamosi mlete huyo mhakiki hapa kwangu. Nitamwimbia, na wewe utamweleza mbele yangu nilikufa lini.

Ni mimi bibi yako, mzima kabisa.