Mama Hakuingia Ndani

Jumanne

Mama ametoka Usenge leo kuja kliniki hapa Kisumu, na bado amekataa kuingia ndani kwangu. Amekaa nje mlangoni kwa kiti cha plastiki. Nimempelekea chai, hakuigusa.

"Siwezi kula kwa mwanaume ambaye hajaleta kwetu hata ng'ombe mmoja wa mahari," amesema.

Miaka tisa nimeishi na Otieno, watoto wawili, mtaa mzima unaniita bibi yake! Nimechoka kumtetea. Tena Mama hajakosea.

Ameniachia omena, dagaa wa ziwani, akaenda kulala kwa dada yake.

Jioni Otieno amekula omena zote mpaka akapangusa sahani. "Mama yako huleta omena tamu," akasema. "Mbona hakungoja tule pamoja?"

Nimemwongezea ugali.