Kamera ya Dukani kwa Baba

Kwako Dada,

Pokea salamu zangu. Natumaini wewe, shemeji na watoto hamjambo, na kwamba miguu imepungua kuvimba baada ya kusimama siku zote zile za msiba. Mimi mwili hauna neno. Moyo ndio usiniulize.

Nimesikia mmemnunia kinyozi wa duka la jirani, eti angechungulia tu siku ile, Baba asingekufa peke yake sakafuni. Dada, mwacheni mtu wa watu.

Unajua kazi yangu ni kuwatafutia makampuni matundu yao ya mtandaoni kabla wezi hawajayaona. Si uchawi. Ukiandika maneno fulani kwa mpangilio wake kwenye kisanduku cha kutafutia, aina ya kamera pamoja na mji, zinajitokeza zote ambazo wenyewe hawakubadilisha paswedi ya kiwandani. Mwaka jana nilikuwa nakagua za mji wetu, mara nikamwona Baba kwenye cherehani yake. Shemeji aliifunga ile kamera kwa ajili ya wezi, halafu akaiacha wazi dunia nzima ichungulie.

Baba aliponifukuza kwa kuikataa kazi yake ya cherehani, alisema nisimpigie simu mpaka nijue kosa langu. Nami nikaapa aanze yeye. Jeuri kwa jeuri, miaka minne. Lakini tangu nilipoiona kamera ile, kila mchana nilikula huku namtazama. Nilimjua kuliko nilipokuwa nyumbani: anavyoigombeza pasi, anavyopiga magoti kuokota pini kwa sumaku.

Siku ile alipiga magoti, kisha akalala. Nikadhani pini imeingia chini ya meza. Halafu nikaona mkono wake unautafuta ukingo wa meza, unaukosa. Namba ya kinyozi ninayo. Yako ninayo. Sikupiga. Niliogopa mtauliza nimejuaje, na Baba angejua ni mimi niliyeshindwa kukaa bila kumwona. Nikajiambia atainuka. Dakika ishirini na tano, Dada, kwa aibu tu.

Nenda kwa kinyozi, mwombe radhi, umwambie aliyekuwepo ni mimi.

Duka mmelifunga lakini kamera bado inawaka, na kila mchana naifungua. Mwambie shemeji aing'oe. Mimi nimeshindwa kuacha.

Wabusu watoto. Usiponijibu, sitakulaumu.

Mdogo wako,
Kitindamimba