Mbele Nakaa Mimi

Baba Tusekile,

Uji nimeufunika jikoni. Kuku wamekwisha kula, usidanganyike na kelele zao. Ukirudi kutoka kumpeleka mtoto kwa bibi yake Ipogolo hutanikuta. Natangulia Mbeya kwenye onyesho letu, dereva wa lori anapiga honi.

Alfajiri nilikusikia pale mlangoni ukimwambia dereva huyo: "Hapo mbele tuweke selo, vumbi litaiharibu. Mke wangu atakaa nyuma." Nyuma, juu ya magunia ya mahindi! Kumbe katika ndoa hii mimi ndiye mzigo, na hiyo fidla yako kubwa ndiyo abiria?

Basi mbele nakaa mimi. Selo iko kitandani, nimeifunika blanketi langu. ~~Usije, nitapiga piano peke yangu.~~ Njoo. Lori jingine litapita mchana. Panda nayo huko nyuma, uikumbatie vizuri. Vaa koti, Mafinga kuna baridi.

Lakini ujue: kesho ukumbini, watu wakishatulia, utanigeukia nikubonyezee piano upate sauti ya kukazia nyuzi zako, kama siku zote. Sibonyezi kitu mpaka uniombe radhi. Na useme kwa nguvu, waliokaa nyuma nao wasikie.

Mama Tusekile