Karatasi ya baba Rehema

Alhamisi

Baba Rehema bado kaninunia. Kala wali na kamba wa nazi, kashukuru, lakini kunitazama hataki.

Yote yametokana na darasa la kina mama jana. Ustadhi alitueleza kwamba Mayahudi, popote walipoishi ugenini, mambo ya ndoa waliyapeleka kwenye mahakama zao wenyewe, mbele ya marabi watatu, yaani mashehe wao. Hadi leo wanazo.

Dada Mwanahawa akauliza, "Na mume akipotea?"

"Mke anabaki amefungwa," ustadhi akasema. "Talaka lazima itoke kwa mume. Ndiyo maana inasemwa zamani waliokwenda vitani waliiandika kwanza, ili wasiporudi mke awe huru."

Dada akainamisha kichwa. Mumewe alikwenda kuvua Msumbiji, mwaka wa sita huu hajarudi, na kila dada akienda kwa shehe anaambiwa asubiri.

Jumamosi baba Rehema anakwenda huko huko. Nikamwomba aandike: miaka miwili bila habari yoyote, niko huru.

"Mke wangu, unaniombea nife?"

"Nakuombea urudi. Lakini Rehema ana miezi minane, na mimi siwezi kukaa kama dada..."

Akatoka. Nikaogopa nimeharibu.

Leo alasiri karudi na ustadhi na majirani wawili wa kushuhudia. Karatasi ilikuwa imeshaandikwa. Miaka miwili kaikata, kaandika mmoja.

"Nitarudi kabla ya huo," akasema, bado kanuna.

Nimeiweka ndani ya msahafu. Naomba nisiikunjue kamwe.